Nilivyomtafuta Aliyehama Mstari

Jamani, leo nimejiumbua mwenyewe, tena nikiwa nimevaa suti.

Kwa wasionijua (wapo kweli?), mimi ndiye Bosi Maduhu. Darasa la saba, nyumba tatu, na mitumbwi ukiihesabu utachoka. Juzijuzi ushirika wetu wa dagaa ulichagua mwenyekiti. Tukagombea wawili, mimi na Mama Koku. Kwetu hakuna karatasi za kura. Mgombea anasimama mbele, watu wake wanapanga mstari nyuma yake, filimbi inalia, msimamizi anapita akigusa mabega na kuhesabu, mgombea naye akiwemo.

Mama Koku akanishinda kwa kura moja. Moja! Mimi!

Nikajua kuna mtu kahama mstari wangu. Na roho ikaniambia ni Mabula, rafiki yangu tangu tunabeba ndoo za dagaa vichwani. Nilikuwa nimemwona akiteta na Mama Koku asubuhi ile. Basi nikamwita msaliti pale mwaloni, mitumbwi inaposhushia dagaa, mbele ya wake za watu.

"Maduhu," akasema, "mimi sikutoka kwenye mstari wako."

"Kwangu usikanyage tena!"

Nikaweka pingamizi kwa afisa ushirika. Nilikuwa nimechukua na wakili, kijana msomi. Akaniuliza, "Bosi, ile video umeiangalia yote?" (Nilikodi mtu wa kamera arekodi ushindi wangu. Ndiyo, nilimkodi kabla ya kushinda.)

"Niiangalie ya nini? Mimi si nilikuwepo?"

Nikamfukuza. Sheria gani inamshinda mtu aliyejenga ghorofa bila mchoro?

Leo asubuhi tukajaa kwenye ofisi ya afisa, huku Mirongo. Wanachama karibu wote walikuja. Mabula alikaa nyuma kabisa, karibu na mlango. Afisa ni mama mpole mwenye miwani.

"Mlalamikaji, unaomba nini?"

Nikasimama. Nikafunga kifungo cha koti. (Hakikufunga. Nikashikilia kwa mkono.)

"Mheshimiwa, naomba mawili. Uchaguzi urudiwe. Na huyo nyoka aliyehama mstari afukuzwe uanachama, asiuze hata dagaa mmoja kwenye ushirika huu!"

Makofi! Nikamkazia Mabula macho. Akainamisha kichwa.

"Una uhakika kuna aliyehama?"

"Asilimia mia! Wekeni video!"

Runinga ikawashwa. Kamera ilikuwa nyuma ya watu. Mstari wangu huo, mrefu, umenyooka. Mabula yuko karibu na mbele, jua linampiga, kashika koti la mtu mkononi. Filimbi ikalia. Mara jamaa mmoja mwenye kisogo kinene akachomoka kwenye mstari wangu, akavuka kwenda wa Mama Koku!

"Huyooo!" nikaruka kwenye kiti. "Mmemwona nyoka? Mmemwona?"

"Sogeza mbele kidogo," afisa akasema.

Jamaa akageuka.

Alikuwa mimi.

Hapo ndipo nikakumbuka. Nilikuwa na uhakika wa kushinda, nikaona niende kuwapa pole wapinzani mapema. Sauti yangu ikasikika ofisi nzima: "Poleni sana! Msijali, nitawaongoza na nyie!" Nawapa mkono mmoja mmoja. Msimamizi huyo anakuja kwenye mstari wa Mama Koku akihesabu, ananigusa bega, anapita. Niliporudi kwenye mstari wangu, huo alishamaliza kuuhesabu.

Yaani ile kura moja ilikuwa yangu. Ningetulia tu pale mbele, leo ningekuwa mwenyekiti.

Mama Koku akanigeukia kwa adabu zake zote za Bukoba. "Asante kwa kura yako, baba."

Watu walicheka mpaka afisa akavua miwani kufuta machozi. Akajikaza. "Kila mmoja alihesabiwa pale aliposimama kwa hiari yake. Pingamizi limetupwa. Sasa, mlalamikaji, lile ombi la pili la kumfukuza mhusika..."

"Naliondoa, mheshimiwa."

Mabula peke yake hakucheka. Alinyanyuka, akatoka taratibu. Na lile koti alilokuwa ameshika kwenye video, akivumilia jua, lilikuwa langu. Uenyekiti umeniuma, sikatai. Lakini mgongo wa Mabula akitoka mlangoni umeniuma zaidi.

Nimemfuata hadi kwake Pasiansi. Mkewe akachungulia getini.

"Shikamoo shemeji. Yupo, anakula. Anasema haondoki mezani."

"Mwambie nimekuja kuomba radhi."

Akaingia, akarudi. "Nimemwambia. Kaongeza ugali."

Kwa hiyo nawaandikia nikiwa nimekaa nje ya geti, juu ya ndoo, na suti yangu. Wanaopita wananisalimia, nawaambia napunga upepo. Naombeni msicheke, angalau mpaka nifunguliwe. Mbwa wake ameshanitambua. Mwenyewe bado.