Malalamiko Kuhusu Maiti Iliyolambwa

Ndugu Mwongozaji wa Filamu,

Pokea salamu zangu za heshima. Sasa hivi mwanangu amemlamba fundi bomba gotini. Fundi alikuwa amejikunja chini ya sinki, suruali yake ina rangi nyekundu ya kupaka milango, mtoto akatambaa mpaka pale ulimi nje. Nimeomba radhi, nimemfuta fundi, nikaona nikuandikie, maana chanzo ni wewe.

Unakumbuka mlikuja kupiga filamu yenu ya majambazi chumbani kwangu, kwa kuwa hamkuwa na pengine. Mume wangu akapewa kazi ya maiti. Damu hamkuwa nayo, nikawakorogea uji wa mtoto, mkautia rangi mkammwagia kifuani. Kamera inaendelea, mtoto akachomoza chini ya kitanda akaanza kumlamba baba yake. Mkasema hairudiwi, shati ni moja. Ikabaki hivyo. Sasa basi:

1. Mtoto huyo hana maelezo. Jambazi anatoroka na begi, mpelelezi anavuta sigara, mwanangu analamba maiti, gari linaondoka. Mtazamaji aelewe nini?

2. Mama anayelea watoto hapa mtaani ameiona, na amemkataa mwanangu mlangoni. Kasema, "Mwenzangu, mimi nalea watoto, silei fisi." Bila yeye sina pa kumwacha, na kule kiwandani ninakoshona wamesema wakichoka kunisubiri, cherehani yangu watampa mwingine.

3. Mama mkwe ameiona kwenye simu ya jirani. Haulizi kwa nini mjukuu analamba. Anauliza kwa nini mwanawe amekufa nami sikuja hata kumfunika. Nimemweleza kwamba nilikuwa nimewashikia taa. Anasema mke mwema angeiweka chini.

4. Mume wangu naye umaiti umemkolea. Nikimwomba anifungie kamba ya nguo, ananijibu msanii hasumbuliwi akiwa amelala.

Kwa hiyo naomba, kwa unyenyekevu, mpige kipande kipya. Maiti aamke, ajifute, ashike kijiko, amlishe mtoto, aseme wazi kwamba ni uji. Mpelelezi auonje, athibitishe kuwa hakuna kesi. Najua filamu itabaki bila mauaji, lakini wizi peke yake si haba, na mama mlezi ameahidi kwamba akiona kwa macho yake mtu anakula ile damu kwa kijiko, mtoto atampokea siku hiyohiyo. Shati nimelifua, limetakata.

Nisalimie mshika kamera, jambazi mkuu, na shangazi yake aliyewaazima gari. Huyo shangazi mwambieni kiatu chake kimoja alikisahau kwangu.

Ni mimi, nisiye na kinyongo,
Mama wa mtoto wa kwenye filamu

Nilisahau: kabla hamjaja, mwanangu alikuwa hali kitu, na kule kliniki muuguzi alishaanza kunitazama vibaya. Tangu filamu anamaliza bakuli, ilimradi uji uwe mwekundu na baba yake awe chali, macho kodo. Leo muuguzi amempima akampigia makofi. Mashavu hayo, ungeyaona. Kwa hiyo kile kipande cha zamani msikiguse, mtoto asije akamwona maiti ameamka akasusa tena; hata mama mlezi aseme nini, cherehani nitatafuta nyingine. Ila rangi mliyoacha imekwisha. Nitumieni chupa mbili za damu mapema, maana hapa naitwa, baba yake ameshajilaza sakafuni, anasema uji unampoa kifuani na mtoto ameshatoa ulimi.