Mwezi Uliohamia Ghorofa ya Chini

Jumatatu, 3 Machi
Jumamosi umoja wa wastaafu unachagua mhadhiri wake. Tumebaki wawili: mimi, mwalimu wa sayansi, na Mkaguzi anayeishi ghorofa ya chini, ambaye hajawahi kueleza jambo wasikilizaji wakabaki macho. Nina mbinu. Nitachora mwezi kwenye kishikwambi, wauone kwenye skrini kubwa. Nimechomeka waya, ukaingia barabara. Picha hakuna. Mke wangu akasema huenda tundu hilo ni la kuchajia tu. Nikamweleza kwa upole kwamba kinachoingia hakikosi pa kutokea. Akaniuliza kama nimewahi kuona mtego wa panya.

Jumanne, 4 Machi
Waya basi. Kumbe kishikwambi hurusha picha hewani, kama redio. Ajabu tupu! Kimeleta majina ya skrini mbili. Mke wangu akasema yetu ni ya pili, jina limebandikwa mgongoni mwake. Nikamfafanulia kuwa inayotajwa kwanza ndiyo iliyo karibu. Nikabonyeza ya kwanza. Imeunganishwa, kikasema. Skrini yetu giza totoro. Pengine inapata moto kwanza.

Alhamisi, 6 Machi
Mazoezi kutwa. Nimechora, nimeandika maelezo kwa nini mwezi hutuonyesha uso uleule. Skrini bado imenuna. Kwenye ngazi Mkaguzi akaniuliza kama kesho kutakuwa na rangi. Rangi ya nini? Mzee wa watu, akili inamchezea.

Jumamosi, 8 Machi
Mkaguzi katangulia kuzungumza. Juu ya mwezi! Michoro yangu. Hata mfano wangu wa mama anayezunguka kitanda cha mwanawe bila kumpa kisogo. Akasema kafunzwa na chaneli nzuri iliyoanza Jumanne kwenye skrini yake. Wakamchagua kwa makofi. Mke wangu akaninong'oneza: "Mume wangu, hiyo chaneli ni wewe."

Jumapili, 9 Machi
Sasa nimeelewa, na mbinu yangu mpya ni safi kuliko zote. Nimemrushia Mkaguzi mwezi wa pembe nne, akaufundishe aaibike, kiti kirudi kwangu. Ila kosa lisiloelezwa huninyima usingizi. Kwa hiyo chini yake nimeandika sahihisho kwa herufi kubwa, pamoja na mfano.

Mkaguzi amegonga dari yake kwa ufagio, akapaza sauti. Hakuelewa sehemu ya mwisho, anaomba nirudie.

Nimerudia.