Mzee Asiye na Kadi ya Hapana

Jumatatu, 3 Machi
Siku ya kihistoria! Nimekamilisha kadi za picha za Mzee wa chumba cha mwisho hapa kwenye kituo cha tiba, dereva mstaafu wa treni. Kiharusi kilimnyang'anya usemi, kikamwachia akili kali kama wembe. Sasa atazungumza kwa kidole: Asante. Nimeridhika. Niongezee. Nyuso zote zinatabasamu, nimezichora mwenyewe. Ijumaa Mkurugenzi anakuja kuamua nani apewe ajira ya kudumu: mimi, au yule tunayemwita Miwani, mwenzangu wa chuoni tunayefanya naye kazi ya majaribio hapa. Maskini Miwani.

Jumanne, 4 Machi
Mafanikio! Mzee ameletewa supu ya maboga. Akapekua kadi zote, akazipekua tena, mwishowe akaipiga Asante kofi zito. Nikamwongezea bakuli. Kizuri chajiuza!

Jumatano, 5 Machi
Binti yake alikuja. Akaniuliza, sasa kaka, hapana iko wapi? Eti baba yake na boga hawajapatana tangu utotoni. Nikamfafanulia, kwa upole, kwamba kitaalamu ukanushaji huchelewesha uponyaji. Akajibu kuwa kinachochelewesha uponyaji wa baba yake anakiona, na kimevaa tai. Miwani akacheka hadi akashika ukuta. Wivu hauna dawa.

Ijumaa, 7 Machi
Msiba. Mbele ya Mkurugenzi nilimkaribisha Mzee supu. Akaichukua Asante, akailaza kifudifudi. Nimeridhika, kifudifudi. Niongezee, kifudifudi. Bakuli nalo, kifudifudi, juu ya viatu vyangu. Mkurugenzi akamuuliza iwapo huduma yangu inamfaa. Mzee akanishika bega kwa mkono wake mzima na, kwa heshima zote, akanigeuza nikatazama ukuta. Binti akapiga makofi huku machozi yakimtoka: baba amesema! Nikiwa bado ukutani, nilimsikia Mkurugenzi akikiri kwamba hajawahi kuona mgonjwa akijieleza waziwazi namna ile. Nikamshukuru kwa pongezi. Akasema hazikuwa zangu.

Jumamosi, 8 Machi
Ajira kapewa Miwani. Tayari amemchorea Mzee kadi ya Hapana, naye anaitumia kutwa nzima. Hata daktari ameonyeshwa. Nasikia leo amekula wali, akachekelea.
Mimi sikulala bure. Nimefanya tathmini ya kina na kubaini kasoro moja tu: kadi zilikuwa hazijafungwa. Katika barua yangu ya maombi kwa kituo cha ng'ambo ya barabara, nimependekeza zigongomelewe ubaoni kwa misumari.