Kimya cha Bi Haythorne

Jumatano, 3 Oktoba 1973

Morecambe, pwani ya Uingereza. Mvua ya upande, ile inayokuingia masikioni. Lakini leo nimepewa sehemu ya kuigiza jukwaani! Mimi, Wilf Sowden, niliyefukuzwa shule kwa kuambiwa kichwa changu kimejaa uji. Askari polisi. Sentensi moja: “Gari liko tayari, bwana.” Nimeisema mbele ya kioo kwa kila namna. Nyingine zimenitisha mwenyewe.

Mhusika mkuu ni Bi Rosalind Haythorne. Yule yule! Miaka tisa nchi nzima ilimtazama kwenye tamthilia ya televisheni akikaanga samaki na kusengenya wateja, mpaka wakubwa walipomchoka wakamgongesha gari la maziwa, mhusika wake akafa. Mama yangu alilia, akakataa maziwa wiki nzima. Tangu hapo televisheni haijamwita tena. Amerudi jukwaani alikoanzia. Tena kwetu, ambako kila Jumatatu ni mchezo mpya na rangi ya kuta bado mbichi.

Bwana Ainscough, mwongozaji wetu, katangaza kwamba Jumatatu atakuja Bwana Peverell wa televisheni, kutoka Manchester. Anatafuta bibi wa kuigiza katika tamthilia mpya. Anampenda Bi Haythorne ila ana wasiwasi mmoja tu: je, bado anakumbuka maneno yake?

Nimewaza. Jicho linalomtazama bibi litamwona na askari.

Ijumaa, 5 Oktoba

Mchezo unaisha hivi: Bi Haythorne ni mama, mimi namkamata mwanawe, tunaelekea mlangoni, na mama anasema sentensi ya mwisho. Ila kwenye mazoezi hasemi! Mwiko. Mchezo usio na watazamaji haujakamilika, na ukiukamilisha mapema unaita nuksi. Kwa hiyo akifika hapo anasema “na-ni-ni-ni,” basi, twende chai.

Nilimuuliza siku yenyewe ataisemaje. Akanivuta sikio. “Utaisikia pamoja na waliokata tiketi, mwanangu.”

Nimeisoma kwenye kitabu cha mchezo nikijifanya nafunga kamba ya kiatu. “Mpeni koti lake. Nje kuna baridi.” Hiyo tu? Nilitegemea radi!

Hapo ndipo akili yangu ilipofanya kazi. Bibi akisahau, ni nani aliye karibu naye? Askari. Askari ataokoa mchezo, pazia litashuka juu yake, Peverell atauliza yule kijana ni nani. Nimeikariri sentensi nzima, nikiimeza pamoja na pai ya nyama. Simwombei mabaya. Najiandaa tu.

Jumatatu, 8 Oktoba

Natamani sakafu inimeze na kofia yangu.

Ukumbi ulijaa. Bi Haythorne hakukosea neno. Sentensi yangu niliisema kama kengele. Nikamshika mwanawe, tukafika mlangoni, nikageuka.

Kimya.

Bibi anatutazama. Midomo imefungwa. Mkono umeinuka kidogo, umesimama hewani. Kimya kinazidi. Nikasema moyoni, amesahau! Nikapaaza sauti mpaka mstari wa nyuma: “MPENI KOTI LAKE! NJE KUNA BARIDI!”

Askari! Anajiagiza mwenyewe! Watu waliangua kicheko. Mwanamke mmoja alilazimika kutolewa nje. Pazia likashuka juu ya kicheko hicho.

Bibi alibaki amesimama, mkono bado hewani. Kisha akaniambia polepole, bila hasira hata kidogo: “Sikusahau, mwanangu. Kile kilikuwa kimya changu.”

Ningejuaje? Kwenye mazoezi kilikuwa na-ni-ni-ni! Lakini kusema kweli, nilijua. Nusu. Nusu iliyobaki ilikuwa inamtazama Peverell.

Jumanne, 9 Oktoba

Asubuhi nilikwenda hotelini kwa Peverell kukiri. Kabla sijafungua kinywa, akanipiga bega. Eti nimemwokoa bibi wa watu. Eti anasikitika, maana televisheni haiwezi kumchukua mtu anayesahau. Eti keti, ule.

Nikaketi. Nikala. Samaki wa moshi wawili, na siagi. Kila mwiba ulinikwama kooni, lakini nilimaliza.

Nikarudi ukumbini nikijua nitafukuzwa. Bwana Ainscough, ambaye akifurahi humwita kila mtu “kipenzi,” akaniita kipenzi! Kumbe Bi Haythorne kamwambia alisahau kweli na kijana alimfaa. Nikamfuata chumbani kwake nikamuuliza kwa nini. Akashika sindano, akaanza kushona kifungo cha koti langu la askari, nikiwa nimelivaa. Langu!

“Wangekufukuza leo,” akasema. “Mimi walishanifukuza zamani. Simama wima, usichomwe.”

Uso uliniwaka mpaka nikasikia masikio yanapiga. Jioni sentensi yangu niliisema kama anayeomba maji. Bibi alipofika mwisho hakunyamaza. Aliisema haraka haraka, akinitazama kama mtu anayepita karibu na mbwa mkali.

Alhamisi, 11 Oktoba

Nimeshindwa. Nimempigia Peverell simu kutoka kibanda cha ufukweni, upepo ukinizomea. Nikatapika yote: kamba ya kiatu, pai, nusu niliyojua. Hata kwa wale samaki nikaomba radhi. Kimya upande wa pili. Safari hii nilikiheshimu. Kisha akasema atakuja tena Jumamosi. Akauliza jina langu kamili. Nikamtajia kwa furaha, na herufi nikamsomea moja moja.

Kumbe alilitaka ili anishtaki kwa Ainscough. Leo siyo kipenzi tena, ni “wewe Sowden.”

Jumamosi, 13 Oktoba

Ainscough kaniambia nikitoa hata chafya atanifunga kwenye kamba za pazia. Nimeingia na leso mdomoni, nimeitema ili niseme habari ya gari, nikairudisha.

Mlangoni nikageuka. Bibi akanyamaza. Mkono ukainuka, ukasimama. Ukumbi mzima haukukohoa, na huu ni mji wa wakohozi. Nikaelewa anachokifanya: anatafuta cha kumfanyia mwanawe, na hakuna kilichobaki.

“Mpeni koti lake,” akasema, chini chini. “Nje kuna baridi.”

Nililia ndani ya leso. Watu walisimama kupiga makofi. Peverell alikwenda nyuma ya jukwaa, na bibi akatoka chumbani na sehemu yake ya televisheni. Akanivuta sikio lile lile. Sistahili hata kuvutwa sikio na mwanamke yule.

Nikamuuliza Peverell kama kuna askari katika tamthilia yake. Nimeuliza tu!

Jumapili, 14 Oktoba

Ainscough alitaka kunifukuza, Bi Haythorne akamsihi. Basi nimeadhibiwa: wiki ijayo naigiza maiti. Nalala sebuleni chini ya shuka toka pazia linapofunguka, sina sentensi hata moja. Ni sawa. Nimekoma. Aibu hii nitazeeka nayo.

Ila Peverell anarudi Alhamisi kumsainisha bibi mkataba, na ataketi mstari wa mbele. Leo nimejilaza kitandani nikajaribu. Maiti akitoa mkono mmoja tu nje ya shuka, taratibu, ukasimama hewani...