Silabasi ya Kukwepa Kufungua Mdomo

Jumatatu, 9 Februari

Hili sijamwambia mtu yeyote, hata Opiyo ninayekaa naye dawati moja. Tangu niingie sekondari sijawahi kutamka sentensi hata moja ya Kiingereza. Na sasa niko kidato cha tatu! Kuandika naandika, maksi napata. Ila darasa likiitikia kwa pamoja, mimi nachezesha midomo tu. Nikiulizwa peke yangu, nakohoa. Madamu Wilhelmina anaamini nina kifua. Alishawahi kuniletea tangawizi, masikini.

Leo mambo yameharibika. Madamu ndiye mlezi wa klabu ya Kiingereza. Ametuambia tumekariri nyakati za vitenzi hadi tunaota mvi, lakini hakuna anayeweza kumuuliza mtu njia ya kwenda Busisi, hapo ng'ambo ya ziwa. Kwa hiyo klabu itatunga silabasi yake yenyewe. Sio ya mada za sarufi, ya shughuli! Kuelekeza njia. Kuagiza chakula. Kulalamika dukani. Na kila shughuli iwe na mwisho unaoonekana: ulichokifuata umekipata, au umekikosa.

Nikawa natikisa kichwa kwa furaha, mpaka akamalizia. Wiki ijayo wanakuja wageni wa elimu. Kila mwanachama atafanya shughuli mbele yao kwa sauti. Kila mwanachama!

Nimekohoa. Hakuna aliyejali.

Jumanne, 10 Februari

Nimepata akili! Refa hafungi magoli. Anayepanga shughuli hafanyi shughuli, anasimama pembeni na kuweka tiki. Nimeomba kuwa mpangaji, Madamu kakubali.

Gladness kanuna. Yeye alisoma msingi kwenye shule ya Kiingereza na hadi leo anaongelea puani. Kasema mbele ya klabu nzima kwamba makubwa haya, bubu ndiye anawapangia wenzake maneno. Watu wakacheka. Opiyo naye akacheka, halafu akasema samahani Mihayo, imenitoka tu.

Sikumjibu Gladness kwa mdomo. Nimemjibu kwa silabasi. Shughuli zote ngumu nimempa yeye.

Mimi nimejiwekea moja tu, nzuri kabisa: sikiliza na uchore. Mwenzako anaelekeza njia, wewe unachora ramani. Kimya! Tumeijaribu leo hii hii. Gladness akaelekeza kwa mbwembwe, na mimi nikachora alichosema, sikuongeza kitu. Kwa maelekezo yake, gari lilifika Kigongo, likalikosa daraja, likaingia ziwani. Nikaweka na sato wawili wanachungulia dirishani.

Madamu kacheka hadi kavua miwani. Siku njema sana.

Alhamisi, 12 Februari

Siku mbaya sana. Madamu kasema ramani ni nzuri, ila kuna watu wanajificha nyuma ya penseli. (Aliniangalia? Sijui. Nilikuwa nakohoa.) Anataka shughuli ambayo bila kuongea haiendi. Kachagua kulalamika dukani, na anataka ijaribiwe kwenye duka la kweli kabla wageni hawajaja.

Nikawahi kupendekeza duka la shangazi Paskazia, ninayeishi naye. Lipo Mabatini, anauza ndoo na mabeseni. Sababu yangu ni hii: pale mimi ni mwenyeji. Nitakaa upande wa muuzaji, na anayelalamikiwa kazi yake ni kusikiliza tu. Raha iliyoje!

Shangazi nimemwambia Jumamosi namletea wateja kumi. Kafurahi, kaniita Ngosha wake, kidume cha Kisukuma, kaniongezea mboga. Kwamba wanakuja kulalamika, hilo sikumwambia. Angeuliza maswali.

Jumamosi, 14 Februari

Nataka kuhama mkoa.

Nianze mwanzo. Klabu ikajipanga nje ya duka, Madamu na kalamu yake. Gladness akatangulia na ndoo ya kuigizia. Alitakiwa kudai kwa Kiingereza kwamba inavuja, abadilishiwe. Kaingia kifua mbele, akamwona shangazi, magoti yakakunjika yenyewe. Shikamoo mama. Marahaba mwanangu, wewe wa nani? Wa kwa nani huko Magu? Bibi hajambo miguu? Kumbe shangazi na bibi yake waliimba kwaya moja! Gladness akatoka bila lalamiko lolote, ameshika ndoo ileile pamoja na beseni alilopewa ampelekee bibi.

Opiyo vilevile. Rebeka vilevile. Ukishampa mtu mzima shikamoo, utamgombezaje tena? Klabu nzima ilisalimia na kuishiwa nguvu. Mimi nyuma ya kaunta naweka alama za kukosa tu, nimejaa furaha.

Ndipo Madamu akasema basi, mpangaji atuonyeshe.

Nikakohoa. Akasema tangawizi ipo kwenye pochi.

Nikachukua ndoo, nikatoka nje, nikaingia tena kama mteja. Nikatafuta salamu ya kujifichia. Sina! Shangazi nilishampa shikamoo yake asubuhi, na ya pili siku hiyohiyo ingekuwa kichekesho. Tukatazamana. Mdomo ukafunguka wenyewe. Nikasema kwa Kiingereza, kwa sauti, kwamba ndoo hii inavuja, ni mbovu, na ninataka nyingine sasa hivi!

Makofi! Vigelegele! Gladness mdomo wazi. Madamu kasema shughuli imefika mwisho wake, na kwamba mbele ya wageni mimi ndiye nitakayefungua maonyesho.

Kisha nikamwona mzee mmoja pale pembeni, mteja wa kweli, kashika ndoo tatu za aina ileile. Anajua Kiingereza. Akazirudisha moja moja, taratibu, akaondoka. Shangazi akauliza huyu mtoto kasemaje. Opiyo, kwa heshima zote, akamtafsiria neno kwa neno.

Jumapili, 15 Februari

Shangazi hajaniongelesha tangu jana, hata kanisani. Mboga kanipimia kijiko kimoja.

Ila nimefikiri wakati wa mahubiri, na silabasi sasa imekamilika. Nimeongeza shughuli mbili. Ya kwanza, kuomba radhi kwa niaba ya mtu mwingine. Ataifanya Gladness, kwa shangazi, maana wameshakuwa ndugu.

Ya pili ni ya mbele ya wageni: kumweleza daktari hali ya mgonjwa. Opiyo anaeleza, Rebeka ni daktari. Mimi ni mgonjwa. Mgonjwa amezimia! Mtu aliyezimia haulizwi kitu. Sijui kwa nini sikuiwaza tangu Jumatatu.

Kandambili koridoni. Ni za shangazi, na zinakuja kwa kasi. Karatasi hii naiweka chini ya godoro. Naanza kuzimia sasa hi