Lori Lenye Kigugumizi

Shule ya Udereva ya Usukani Mwema,
Ghorofa ya kwanza, juu ya duka la mbegu,
Nyeri Mjini.
14 Juni 2010

Kwa Mkurugenzi Mkuu,
Kampuni Iliyotengeneza Mchezo wa Malori wa Kompyuta
(jina lake la Kizungu liko kwenye kasha, na nyinyi wenyewe mnalijua),
Ng'ambo.

Mheshimiwa Mkurugenzi,

KUH: MCHEZO WENU KUGUGUMIZA NA KUZIMIKA, NA MADHARA YALIYOUPATA MJI WA NYERI

Natumai barua hii itakukuta mzima, wewe, mama watoto, na mafundi wako wote. Sisi hapa hatujambo, ni baridi tu ya mwezi wa sita inayoshuka kutoka mlimani na kuingia hadi kwenye soksi.

Ninakuandikia kwa Kiswahili kwa sababu ndiyo lugha iliyonivusha mipaka. Darasani nilifika la saba, nikatoka kabla kengele haijalia, lakini lori nimeliendesha hadi Kampala, Kigali, Bujumbura na Lubumbashi, na kote huko sikukosa mtu wa kunielewa wala wa kunipikia. Kama hapo ofisini kwenu hakuna anayejua Kiswahili, tafuteni Mkenya. Hakuna mji duniani usio na Mkenya, na huyo ukimwuliza vizuri utakuta ana shangazi Nyeri.

Kwanza nikueleze tulivyofika hapa. Huku kwetu mwanafunzi wa udereva, kabla hajashika gari, hufundishwa kwa modo tauni. Hiyo ni bodi ya mbao iliyochorwa barabara, na juu yake kuna vigari vya kuchezea. Mtu mzima, mama wa watoto, anasukuma kigari kwa kidole akisema, "Naangalia kulia, naangalia kushoto, naangalia kulia tena," na honi anapiga kwa mdomo. Mimi niliyestaafu lori na kufungua shule, mtu ambaye nimeona dunia, nililitazama jambo hilo nikaionea nchi yangu aibu. Nikanunua kompyuta, usukani wa plastiki na pedali zake, na mchezo wenu wa malori. Bodi nikaipa mke wangu Wangechi aanikie maharagwe. Mlangoni nikaandikisha: SHULE YA KISASA, YA KWANZA MLIMA KENYA NZIMA. Pikapi ya shule niko nayo, lakini ninaitoa tu mwanafunzi akishaiva kwenye kompyuta.

Mathenge, mwenye shule iliyo ng'ambo ya barabara, ambaye bado anasukuma vigari, alikuja akasimama mlangoni kwangu, akatazama skrini muda mrefu bila hata kusalimia. Wiki hiyo nililala vizuri sana. Baada ya hapo ndipo mambo yakaharibika, na sasa naomba nikupe malalamiko yangu moja moja.

1. Kigugumizi. Lori lenu linaondoka vizuri, linapanda mlima vizuri, hata mimi mwenyewe natoa kiwiko dirishani, ingawa dirisha halipo. Likifika njia panda linashikwa. Linakwenda, linaganda, linakwenda, linaganda, na honi inalia pa-pa-pa-pa kama mtu anayetafuta jina la mkwe wake. Dunia ikirudi unajikuta umeshapita kona, au uko ndani ya ukuta wa kanisa la watu. Nimewahi kubeba saruji kwa lori lenye maji kwenye dizeli, nalo lilikuwa na adabu kuliko hili. Kwamba nchi yenu inaendesha upande wa kulia silalamikii. Nimelala Lubumbashi, watu wa upande wa kulia nawajua, ni watu wazuri tu.

2. Kuzimika. Hii inatokea darajani, na sijui daraja limewakosea nini. Skrini nzima inageuka buluu na kujaa maandishi meupe. Mwanafunzi wangu Moffat, kijana mwenye bidii, aliyasoma yote kwa sauti tangu mwanzo hadi mwisho akidhani ni alama za barabarani, kisha akaniuliza ni ipi kati ya hizo inayokataza kuegesha.

3. Tiba nilizojaribu. Usije ukasema nilikaa tu nikalia. Nilimwita Yakubu, fundi wa kompyuta wa hapa Majengo, mtu mpole ambaye mikono yake haina makosa. Akaniambia mashine imezidiwa, tupunguze mzigo. Mzigo naujua. Tukaondoa vivuli. Tukaondoa mvua. Tukaondoa miti, Ulaya ikabaki kama uwanja wa maonyesho siku ya pili yake. Tukaondoa watu wote waendao kwa miguu. Bado kigugumizi. Tukafungua ubavu wa kompyuta, kama unavyofungua boneti ya lori lililochemka, tukafungua na dirisha ili baridi ya mlima iingie. Wangechi akapepea kwa sinia. Sisi tukawa tunatetemeka, mashine inaungua. Yakubu akasema, "Mzee Wamae, hii mashine imezeeka, inataka kuongezewa kumbukumbu." Nikamwambia mimi pia nimezeeka, na sijawahi kuganda kwenye njia panda. Akanijibu, kwa heshima zake zote, kwamba mimi sijawahi kuambiwa nichore Ulaya nzima mara thelathini kwa sekunde. Nilimwachia hapo, maana chai ilikuwa imefika.

4. Dunia tupu. Tiba hizo zimeleta ugonjwa mwingine. Moffat alikaa Ulaya isiyo na watu miezi mitatu. Siku nilipomtoa na pikapi ilikuwa siku ya soko. Alipoona akina mama wanavuka na viazi alishtuka kweli, akaniuliza, "Mwalimu, hawa nao wametoka wapi?" Alisema hakufundishwa hao. Siku ya mtihani, katikati ya barabara iliyonyooka, aliachia usukani, akakunja mikono na kungoja, kwa sababu kwenye kompyuta, akifika umbali kama ule, kitu huganda. Afande anayetahini aliteremka akarudi ofisini kwa miguu. Mimi naona ingekuwa afadhali kama angetukana.

5. Mathenge. Siku hizi nikipita anasimama mlangoni kwake na kigari mkononi. Anakitembeza ukutani, anakigandisha, kisha anaita ili mtaa mzima usikie: "Wamae, limeshikwa tena, niletee maji moto nilikande." Wauza mitumba wanacheka hadi wanakosea bei. Vigari vyake havijawahi kuganda, hilo ni kweli, na ninaliandika kwa uchungu.

6. Wachuka. Mheshimiwa, haya mengine yote ningeyavumilia. Hili ndilo lililonikalisha na kalamu.

Wachuka, ambaye tunamwita Mama Njoki, ni mama wa watoto wawili kutoka Tetu. Kila alfajiri anabeba mtungi wa maziwa mgongoni hadi barabarani, kisha anakuja mjini kusoma, na mumewe anabaki na watoto. Chama cha wafugaji cha huko kwao kina pikapi ya kukusanya maziwa, na dereva wake anastaafu mwezi huu. Wamemwambia Wachuka: ukileta leseni kabla mwezi haujaisha, usukani ni wako. Usipoileta, tunaleta kijana kutoka Karatina ambaye hata ng'ombe hamjui. Mtihani wake ni Alhamisi ya tarehe 24. Baada ya hapo hakuna mtihani mwingine hadi mwezi wa saba.

Katika watu wote niliofundisha, hakuna mwenye mikono kama yake. Gia anabadilisha usisikie. Lakini alisoma yote kwenye mchezo wenu, na kigugumizi kimemwingia mwilini. Kila akifika njia panda anasimamisha pikapi kabisa, anatulia, anangoja dunia igande na kufunguka. Hakuna kilichoganda. Nyuma wanapiga honi, wengine wanatoa vichwa nje na kutaja mama zetu. Nikimwambia, "Mama Njoki, nenda," ananijibu, "Bado, mwalimu." Nilimweleza kwamba barabara ya kweli haigandi. Akaniuliza kama nimewahi kupita Karatina siku ya soko.

Nimemkanya, nimemwomba, nimempigia makofi aondoke. Haondoki hadi atosheke. Na aliyemtoa kwenye bodi ya mbao akamkalisha kwenye kompyuta ni mimi. Akirudi kwenye mtungi wa mgongoni, nitapita wapi Tetu hiyo?

Kwa hivyo ninaomba yafuatayo, na naomba kwa unyenyekevu:

Kwanza, mtume fundi. Atalala kwangu, na Wangechi atampikia mukimo. Nawaonya tu kwamba hatarudi na suruali aliyokuja nayo, haitamtosha.

Pili, kama fundi hawezi kufika kabla ya tarehe 24, andikeni barua yenye muhuri kwa afande wa mtihani, mseme kwamba ugonjwa uko kwenye mchezo, haumo ndani ya mtahiniwa. Muhuri uwe mkubwa. Huku kwetu muhuri mdogo hausomwi.

Tatu, afande akikataa barua, basi mumshauri aje amtahini Wachuka hapa hapa kwenye kompyuta, chai juu yangu. Wachuka akigugumiza, lori nalo litakuwa linagugumiza, na hapo nani atajua nani kaanza?

Nne, haya yote yakishindikana, ninaiomba kampuni yenu, kwa ukubwa wake, izungumze na serikali yetu ili barabara zote za kutoka Nyeri, Karatina, Mwea hadi Kenol ziwe zinaganda katika kila njia panda, kwa muda wa pumzi tatu hivi. Magari yagande, mikokoteni igande, ng'ombe wagande. Wa miguu waendelee tu, maana wanafunzi wangu hata hivyo hawawajui. Nimelifikiria jambo hili nikiwa nimetulia. Kugandisha mkoa mzima ni kazi nyepesi kuliko kumfundisha upya mtu aliyekwisha kuzoea, na wanafunzi wangu wangekutana na ile ile dunia waliyoisomea. Sioni ni nani angeumia, isipokuwa pengine Mathenge.

Nisalimie mafundi wako, makarani, bawabu wa mlangoni, na yule mama anayewapikia chai, kama yupo, maana kampuni isiyo na mama wa chai haiwezi kutengeneza kitu kikakaa. Wangechi anawasalimu. Yakubu anawasalimu, anasema kazi ya vivuli mliifanya vizuri, alisikitika kuiondoa.

Ni mimi mteja wenu, dereva wa nchi tano na mwalimu wa mji mmoja,

Jotham Wamae
Mkurugenzi, Mwalimu na Fundi Msaidizi

Nakala: Yakubu, kwa kumbukumbu.
Mathenge asionyeshwe.

T.B. 6 Julai. Barua hii ilichelewa kutoka. Posta waliniuliza Ng'ambo ni wapi hasa, na kasha lenye anwani lilikuwa kwa Yakubu, naye alikuwa amesafiri. Katikati mambo yamebadilika kidogo.

Mtihani ulifanyika. Mathenge alileta wanafunzi wanne, na pale njia panda ya sokoni, palipo na alama ya kusimama, wote wanne walipita wakiteleza tu. Walipunguza, wakachungulia, wakaenda. Afande akawarudisha mmoja mmoja bila leseni. Kisha akaingia Wachuka na pikapi yangu. Mimi nilikuwa ng'ambo ya barabara nimejificha nyuma ya gunia la makaa, sitaki kuona.

Alifika pale akasimama. Tairi zote nne. Nyuma wakaanza honi. Akatazama kulia, akatazama kushoto, akatazama kulia, na bado amekaa. Baadaye alinisimulia kwamba afande alimwuliza, "Mama, unangoja nini?" Naye akamjibu, "Nangoja barabara iwe tayari, afande." Afande akafungua kalamu, akaandika, akamwambia ageuze waende ofisini, pole pole hivyo hivyo. Afande aliposhuka alinikuta na masizi usoni, akaniambia kwamba tangu apewe kituo hiki hajawahi kuona tairi ikisimama kweli kweli mahali pale. Akaniuliza ninafundisha kwa njia gani. Nikamwambia ni ya kisasa.

Wachuka alianza kazi Alhamisi iliyopita. Nimesikia maziwa ya Tetu sasa yanafika yamechelewa kidogo, lakini hakuna mtungi uliomwagika, na akina mama hawataki kusikia habari za kijana wa Karatina. Juzi alipita hapa akaniachia mtungi mzima, nikanywa hadi nikahema.

Kwa hivyo, Mheshimiwa, naomba msitengeneze chochote. Kama mmeshatengeneza, haribuni. Yakubu alikuja na ile kumbukumbu ya kuongeza, nikamzuia mlangoni kwa mwili wangu. Mathenge naye alikuja jana jioni, safari hii alisalimia, akaniomba nimwazime lori lenu la kompyuta wiki moja tu.

Jambo la mwisho, na hili ni la haraka. Hapa stendi kuna vijana wa bodaboda. Kama kampuni yenu ina mchezo wa pikipiki, nitumieni, lakini chagueni wenye kigugumizi kikali zaidi ya hiki.

J.W.