Sake ya Mtungi wa Nili

Jumatatu, 14 Julai
Shemeji Tsuruyo, dada wa marehemu mke wangu, leo kafungua chupa ya sake, pombe ya mchele, kutoka Akita. Akita, nilikozaliwa! Nimezeekea huku Tokushima bila kusikia harufu hiyo. Nikanyoosha kikombe. Akasema si yangu, ni ya mtungi wa nili anamotilia nguo rangi ya buluu: rangi ni kitu hai, isipolishwa inakufa, na makoti ya ngoma ya Agosti yanaisubiri. Mtungi ukanywa. Mimi, binadamu, nikapewa chai ya shayiri.

Jumanne, 15 Julai
Nimejitolea kuulisha mtungi. Bandō, mkorogaji wake, akauliza tangu lini naamka kabla ya jua. Wivu! Pumba za mlo wake nimeutilia zote, mimi si mwizi. Maji mtungini, sake tumboni. Theluji ya kwetu ikashuka kooni. Machozi yakanitoka.

Alhamisi, 17 Julai
Mtungi umenuna. Povu la buluu halipandi. Tsuruyo kaonja rangi kwa kidole, uso ukamsawijika. Bandō akasema labda mtungi una njaa. Nikalaumu joto. Makoti yananing'inia, meupe. Mtaa wetu ukicheza hivyo, watu watatoa rambirambi! Roho imeniuma. Nikahitaji kujiliwaza, lakini Bandō kaficha kikombe changu. Nimetumia kata ya kuchotea rangi mtungini.

Ijumaa, 18 Julai
Tsuruyo kauliza nani anakunywa sake. Nikaapa sijagusa hata tone. Bandō akacheka mpaka akakaa chini. "Mzee Hatakeyama, hebu kajitazame!" Masharubu yangu, meupe tangu msiba, ni ya buluu! Nimesugua kwa sabuni, kwa chumvi, kwa siki. Wapi! Tsuruyo akasema kwa upole, "Shemeji, usijisumbue. Nili yangu haichuji." Kisha akamimina sake yote iliyobaki mtungini. Yote!

Jumapili, 20 Julai
Povu limepanda, zito, limechanua kama ua. Koti la kwanza lilitoka kijani, likageuka buluu hewani mbele ya macho yetu. Tsuruyo kanipa hilohilo. Eti linaoana na masharubu. Nililia kidogo.

Wiki ijayo chupa nyingine inakuja kutoka Akita. Bandō ndiye atakayelisha. Bandō akila maandazi ya kunde tamu husinzia papo hapo. Nimenunua boksi zima.

Na mrija. Kosa langu lilikuwa ile kata.